Henny Porten: Si sauti iliyomwangusha

Ukisoma maelezo mafupi kuhusu Henny Porten, karibu kila mara utakutana na hadithi moja: alikuwa malkia wa filamu bubu za Ujerumani, filamu za sauti zikaingia, naye akapotea. Hadithi hiyo inakaa vizuri mdomoni, ila tarehe zinaikataa. Mwaka 1930, sauti ilipoenea katika studio za Berlin, alikuwa mhusika mkuu. Mwaka 1931 vilevile. Na kama tutakavyoona, kazi yake ya kwanza kabisa mbele ya kamera, miaka 24 nyuma, ilikuwa ya sauti.

Alizaliwa Magdeburg tarehe 7 Januari 1890 na kufariki Berlin Magharibi tarehe 15 Oktoba 1960. Katikati ya tarehe hizo kuna Kaisari mmoja, vita kuu mbili, jamhuri iliyovunjika, utawala wa Hitler na nchi iliyokatwa vipande viwili. Aliigiza katika zote. Ili kuelewa kwa nini nyota yake ilipanda hapa na kushuka pale, inabidi kutenganisha mambo matatu ambayo kwa kawaida hukorogwa chungu kimoja: mashine, fedha na sheria.

Santuri na mkanda

Baba yake, Franz Porten, alikuwa mwimbaji wa opera. Dada yake Rosa naye aliingia kwenye filamu, akaigiza, akaandika na baadaye akaongoza. Mwaka 1906 Henny, akiwa na miaka 16, alianza kuigiza kwa Oskar Messter, fundi na mfanyabiashara wa Berlin aliyekuwa na mtambo aliouita Biophon, ulioonyeshwa kwa umma mara ya kwanza mwaka 1903 kwenye ukumbi wa Apollo. Filamu zake za mtambo huo ziliitwa Tonbilder, yaani picha zenye sauti.

Kipaza sauti cha umeme hakikuwepo bado. Mwimbaji wa kweli alisimama karibu na tarumbeta kubwa ya kurekodia na kuimba kwa nguvu zake zote, na mawimbi ya sauti yenyewe yakaisukuma sindano ichore santuri. Huwezi kuigiza ukiwa umeingiza uso kwenye tarumbeta, kwa hiyo kazi iligawanywa: kwanza sauti, kisha picha. Santuri ikishakamilika, ilichezwa studioni huku mwigizaji akifuatisha midomo mbele ya kamera. Yeyote aliyewahi kuona video ya muziki ikirekodiwa anaijua kazi hii. Porten alikuwa binti mzuri wa sura, mwenye sikio la muziki la kurithi, anayejua kufungua mdomo pale hasa noti inapoanza. Filamu zake za mwanzo, kama Meissner Porzellan ya 1906, ziliongozwa na baba yake.

Upande mmoja wa santuri ulibeba dakika 3 hivi. Kwa kasi ya fremu 16 kwa sekunde, hiyo ni fremu 2,880. Fremu moja ina kimo cha milimita 19, kwa hiyo mkanda mzima ulikuwa na urefu wa mita 55. Ukumbini, mwendeshaji alianza na alama mbili: sindano kwenye alama ya santuri, fremu ya kuanzia mbele ya lenzi. Kisha alilazimika kuvilinda vyombo viwili visiachane, akiharakisha au kupunguza mwendo wa projekta kila alipoona midomo inachelewa.

Tatizo lilikuja mkanda ulipokatika, na mikanda ilikatika kila siku. Kwa filamu bubu, fundi alikata sehemu iliyochanika, akagundisha ncha, onyesho likaendelea na hakuna aliyegundua. Kwa Tonbild, akikata fremu 8, picha imetangulia sauti kwa nusu sekunde kuanzia hapo hadi mwisho. Mwimbaji anafumba mdomo na wimbo unaendelea. Dawa yake ilikuwa kuingiza fremu 8 nyeusi mahali pa zile zilizokatwa, kazi iliyohitaji fundi mwenye subira na muda, na kumbi nyingi hazikuwa na vyote viwili.

Hayo yote yangevumilika. Kilichoziua Tonbilder ni biashara. Gramafoni haikuwa na nguvu ya kujaza ukumbi mkubwa, santuri zilichakaa upesi kuliko mikanda, na kufikia 1911 watazamaji walitaka hadithi ya nusu saa au saa nzima, si wimbo wa dakika 3. Sauti ikaachwa. Kwa hiyo Porten hakuanzia kwenye filamu bubu, alihamia huko.

Jina kwenye bango

Mwanzoni waigizaji wa filamu hawakutajwa. Watazamaji waliuliza tu ni lini yule binti mwenye nywele za rangi ya dhahabu ataonekana tena. Filamu ya Das Liebesglück der Blinden, iliyoandikwa na Rosa, ndiyo inayotajwa kuwa ilimfanya ajulikane kwa jina, na Messter akaelewa kwamba jina hilo linauza tiketi kabla hata filamu haijapigwa. Ikazaliwa biashara ya mfululizo: kumbi zilinunua msimu mzima wa filamu za Henny Porten bila kuziona.

Nywele hizo za dhahabu zina mkasa wake wa kiufundi. Mkanda wa wakati ule haukuona rangi nyekundu kabisa, na uliiona njano kwa shida. Midomo iliyopakwa nyekundu ilitoka nyeusi kama wino. Macho ya buluu yalitoka meupe, kama ya mtu aliyepofuka. Na nywele za dhahabu, ajabu, zilitoka za giza. Mpigapicha aliyetaka mtazamaji aone nywele nyepesi alilazimika kuweka mwanga nyuma ya kichwa, juu kidogo, ili kingo za nywele ziwake, na kupunguza rangi ya mdomo. Ule mng'ao wa kitakatifu unaouona kwenye picha za nyota wa zamani ulianza, kwa sehemu kubwa, kama njia ya kuficha udhaifu wa mkanda.

Vita vya 1914 vilimpa mambo mawili kwa wakati mmoja. Mumewe wa kwanza, mwongozaji Curt A. Stark, aliuawa vitani mwaka 1916. Mwaka huohuo serikali ilizuia filamu za kigeni kuingia nchini, na soko lote likabaki mikononi mwa watayarishaji wa ndani. Filamu zilizokuwa zikitoka Ufaransa hazikuja tena. Mama, mjane, msichana wa kijiji aliyeonewa: nafasi hizo zilikuwa zake, na nchi iliyojaa wajane ilimtazama kama ndugu. Mwishoni mwa 1917 jeshi na benki waliunda kampuni kubwa ya Ufa kwa mtaji wa marki milioni 25, nayo ikazinunua kampuni za Messter. Porten akaingia humo kama sehemu ya mali.

Mwaka 1920 unatosha kuonyesha upana wake. Chini ya Ernst Lubitsch alikuwa Anna Boleyn, mke wa mfalme anayepelekwa kukatwa kichwa, na katika mwaka huohuo alikuwa dada wawili kwa pamoja katika Kohlhiesels Töchter: Liesel mkorofi na Gretel mpole. Wanaomkumbuka kama mwanamke wa machozi tu hawajamwona Liesel akitembea kama mtu anayebeba magunia.

Dada wawili kwa mwigizaji mmoja ni hesabu. Kamera ya wakati ule ilizungushwa kwa mkono. Mzunguko mmoja wa mpini ulipiga fremu 8, mizunguko 2 kwa sekunde. Njia ya kawaida ilikuwa hivi: unaziba nusu ya kulia ya lenzi kwa kadi nyeusi, unapiga picha ya dada wa kushoto, msaidizi akihesabu mizunguko kwa sauti. Tuseme ni 40. Unafunika lenzi, unarudisha mkanda mizunguko 40 ileile, mwigizaji anabadili maleba, unaziba nusu ya kushoto na kuanza tena. Kamera isiguswe hata kidogo katikati, vinginevyo mstari wa katikati ya picha utaonekana ukicheza. Msaidizi akikosea mzunguko mmoja, dada mmoja anajibu kabla hajaulizwa. Ndiyo maana waongozaji werevu waliwakutanisha pacha wa namna hii mara chache, na mara nyingine wakamtumia mtu mwingine anayeonekana kwa mgongo tu.

Marki inayoyeyuka

Kati ya 1920 na 1923 sinema ya Ujerumani ilionekana tajiri kupita kiasi: majumba ya kifalme ya mbao na plasta, maelfu ya watu kwenye barabara za kuigiza. Siri yake ilikuwa fedha mbovu. Gharama zililipwa kwa marki, na marki ilipoteza thamani kati ya kusaini mkataba na kulipa. Filamu ikiuzwa Uswisi, Uholanzi au Marekani, fedha ngumu za nchi moja tu ziliweza kurudisha gharama yote. Mtayarishaji hakuhitaji kuwa na akili nyingi ili apate faida.

Novemba 1923 dola moja ilifikia marki trilioni 4.2, kisha ikaletwa sarafu mpya, na faida hiyo ikafungwa kama bomba. Kuanzia hapo filamu ilipaswa kujilipa kwa fedha za kweli. Ni katika mazingira hayo ambapo Porten alianzisha mwaka 1924 kampuni pamoja na Carl Froelich, aliyewahi kuwa mpigapicha wa Messter. Jina la Froelich lishikeni, litarudi mara mbili.

Kuwa na kampuni yako kuna maana ya kuwa na hasara yako. Walifanya vizuri kwa miaka kadhaa kwa sababu filamu bubu ilikuwa na gharama unayoweza kuikadiria, na kwa sababu kadi zake za maandishi, zilizoonyeshwa katikati ya picha, zilibadilishwa lugha kwa bei ndogo. Filamu ileile iliuzwa Prague, Warsaw na Paris.

1930

Sasa tufike kwenye ule mwaka wa hadithi. Sauti safari hii ilikuja ikiwa imechapwa kwenye ukingo wa mkanda uleule wa picha, kwa hiyo mkanda ukikatika vyote vinakatika pamoja. Kasi ikafungwa kwenye fremu 24 kwa sekunde na mpini wa mkono ukaondoka.

Badiliko moja liliyavuta mengine. Taa za zamani, zile zinazowaka kwa cheche kati ya vijiti viwili vya kaboni, zilivuma, na kipaza sauti kilisikia mvumo huo. Zikaletwa taa za balbu, zisizo na kelele. Lakini mwanga wa balbu umejaa wekundu, ambao mkanda wa zamani haukuuona. Kwa hiyo ukahitajika mkanda mpya unaoona rangi zote. Mkanda mpya ukabadilisha vipodozi: rangi zilizokuwa zikimfanya mtu apendeze mwaka 1920 sasa zilimfanya aonekane ana ngozi ya viraka. Kamera nayo ilikuwa na kelele, ikafungiwa kwenye kibanda kama cha mlinzi wa geti, mpigapicha akitokwa na jasho ndani, na ikaacha kutembea. Mwigizaji aliyezoea kuelekezwa kwa sauti wakati kamera inazunguka sasa aliambiwa kila kitu kabla, kisha kimya.

Porten alivuka. Alianza na Skandal um Eva, iliyoongozwa na G. W. Pabst, na mwaka huohuo wa 1930 akarudia Kohlhiesels Töchter, sasa ikiwa na sauti, chini ya Hans Behrendt. Dada walewale wawili, miaka 10 baadaye, akiwa na miaka 40, na sasa wanazungumza. Ugumu uliongezeka: ukipiga upande wa dada wa kwanza lazima uache kimya cha urefu kamili wa majibu ya dada wa pili, na kimya hicho huwezi kukirefusha baadaye. Anayeweza kufanya hivyo, tena kwa sauti mbili zinazotofautiana, hakushindwa na kipaza sauti. Binti wa mwimbaji wa opera aliyeanza kwa kufuatisha santuri alikuwa na uzoefu wa sauti na kamera kuliko karibu kila mtu studioni.

Kilichomwangusha ni filamu ya 1931, Luise, Königin von Preußen, kuhusu malkia wa Prussia wakati wa Napoleon. Froelich aliongoza, fedha ziliwekwa na kampuni ya Porten mwenyewe. Filamu ya kihistoria ina maleba, majengo na umati. Ongeza vifaa vya sauti. Ongeza kwamba filamu inayozungumza Kijerumani haiuziki tena Paris kwa kubadilisha kadi za maandishi. Ongeza mdororo wa uchumi, mamilioni wakiwa hawana kazi. Na malkia wa Prussia katika mwaka ule alikuwa bendera ya kisiasa: mrengo wa kulia ulimtaka wake, wa kushoto haukumtaka kabisa. Filamu haikurudisha gharama na kampuni ikafilisika. Madeni yalibaki kwa jina lililoandikwa kwenye bango. Muda mfupi baadaye alikuwa akizunguka na maonyesho ya jukwaani.

Ukiuliza ni lini Porten alianguka, jibu ni hapo, na chanzo kimeandikwa kwenye daftari la mahesabu. Angeweza kuinuka. Waigizaji wengi waliofilisika waliinuka.

Karatasi ya uanachama

Lakini mwaka 1921 alikuwa ameolewa tena, na daktari Wilhelm von Kaufmann, Myahudi.

Julai 1933 serikali mpya ya Hitler iliunda Chemba ya Filamu ya Dola. Utaratibu wake ulikuwa mwepesi kuliko udhibiti wa filamu moja moja: asiye mwanachama hafanyi kazi. Haikuhitajika amri ya kumkataza mtu. Ilitosha karatasi yake isipitishwe. Myahudi hakupokelewa. Aliyeoana na Myahudi aliishi kwa kibali maalumu, kinachoweza kufutwa bila maelezo, na mtayarishaji yeyote anayetaka kumwajiri alijua kwamba anaweza kupoteza filamu nzima katikati ya kazi. Hivyo hata kibali kilipokuwepo, simu haikulia.

Waigizaji wenye ndoa kama hiyo walipewa mlango mmoja uleule: talaka. Heinz Rühmann aliachana na mkewe mwaka 1938. Hans Albers alitengana rasmi na mwenzi wake Hansi Burg, ambaye baadaye alikimbilia nje. Joachim Gottschalk alikataa. Mwaka 1941, mkewe Meta Wolff na mtoto wao walipotakiwa kupelekwa kambini, wote watatu walijiua. Porten naye alikataa. Inaelezwa kwamba alitaka kwenda kwa Lubitsch Marekani na kunyimwa ruhusa ya kutoka, kwa kuwa kuondoka kwa sura inayojulikana na kila mama nchini kungeitia serikali aibu.

Hapa kuna jambo linalowachanganya wasomaji: mbona basi aliendelea kuonekana? Alikuwa katika Mutter und Kind ya 1934 na Krach im Hinterhaus ya 1935, kisha kukawa na pengo hadi 1938. Vita vilipoanza, Wizara ya Propaganda ya Goebbels ilihitaji filamu nyingi za kutuliza watu, na mtu wa kutuliza watu ndiye aliyekuwa amekaa bila kazi. Pabst alimpa nafasi ya mtawala wa kike mwenye heshima katika Komödianten ya 1941. Mwaka 1944 alikuwa Wilhelmine Buchholz katika Familie Buchholz, vichekesho vya familia ya Berlin ya zamani. Mwongozaji: Carl Froelich. Tangu 1939 Froelich huyo ndiye aliyekuwa rais wa Chemba ya Filamu, ile ofisi inayotoa na kunyima karatasi.

Usiisome kazi hiyo kama ushirika wala kama msamaha. Kwa kanuni za wakati ule, mwenzi Myahudi kwa kawaida hakupelekwa kambini maadamu ndoa ilisimama. Ndoa ikivunjika, kwa talaka au kwa kifo, kinga inaisha. Kila mwezi ambao jina la Porten lilikuwa na thamani kwa studio ulikuwa mwezi ambao mumewe alikuwa na mlango wa kujificha nyuma yake. Kinga ilikuwa nyembamba: nyumba yao ilipobomolewa kwa bomu mwaka 1944 walijikuta barabarani, kwa kuwa kumpokea Myahudi nyumbani kulikatazwa.

Pande mbili za mji

Baada ya vita ungetarajia milango ifunguke. Haikufunguka. Sinema ya Ujerumani Magharibi ya miaka ya 1950 iliendeshwa kwa dhamana za mikopo kutoka serikalini na kwa wasambazaji waliotaka sura za vijana. Mwanamke wa miaka 60 hakuwa kwenye mahesabu yao. Alipata nafasi katika Absender unbekannt ya 1950 na kidogo sana zaidi ya hapo.

Upande wa Mashariki kulikuwa na DEFA, iliyoanzishwa Mei 1946 kwa leseni ya Wasovieti na kurithi studio za Babelsberg. DEFA ilikuwa na studio, mafundi na mishahara, ila ilikosa majina. Mpaka wa Berlin ulikuwa bado wazi, kwa hiyo waigizaji waliishi Magharibi na kufanya kazi Mashariki. Aliyelipwa kwa marki ya Mashariki aliibadilisha kwenye vibanda vya Berlin Magharibi kwa takriban 4 au 5 kwa moja, kwa hiyo kilichojadiliwa kwenye mkataba ni fungu gani litalipwa kwa marki ya Magharibi. Porten alikuwa mama mwenye sarakasi katika Carola Lamberti ya 1954, na mwaka 1955 mshairi mzee wa Paris katika Das Fräulein von Scuderi. Magazeti ya Magharibi yalimshambulia kwa kwenda upande wa pili. Yaliyoandika hayo hayakuwa na kazi ya kumpa.

Alifariki miezi 10 kabla ukuta haujajengwa.

Filamu zake nyingi zimepotea, kwa sababu mkanda wa naitreti huoza au kuwaka, na kwa sababu mikanda mizee iliyeyushwa ili kutolewa madini ya fedha yaliyomo. Zile za 1906 hadi 1910 zina shida ya ziada: mkanda ulihifadhiwa sehemu moja na santuri sehemu nyingine, au santuri ilivunjika. Anayezirejesha leo huanza na midomo. Anasoma herufi zinazofunga mdomo kabisa, m, b na p, anazilinganisha na maneno ya nyimbo zilizokuwa maarufu mwaka ule, kisha anatafuta kwenye orodha za santuri toleo lenye mapumziko ya urefu uleule. Santuri ikipatikana kwa mkusanyaji au jumba la makumbusho, inasomwa kidijitali, kasi inavutwa hadi mdomo wa kwanza na noti ya kwanza vikutane, na pale panapokosekana fremu panawekwa weusi wa urefu kamili, kama alivyotakiwa kufanya mwendeshaji wa mwaka 1906.